Njiwa wa Ukumbi wa Sita

Dirisha la tiketi lilifunguliwa saa tatu na nusu asubuhi, na kama ilivyokuwa kila Jumatatu, mtu wa kwanza kufika alikuwa Mzee Hanafi, mstaafu wa posta, amevaa koti lenye mifuko minne na viatu vilivyopigwa rangi vikang'aa. Jumba lenyewe la sinema lilikuwa na kumbi tisa, nyuma ya soko la vioo kando ya barabara ya mzunguko ya mji wa Giza.

"Ukumbi wa sita," alisema.

"Chini ya njiwa au mbali na njiwa, mzee?" aliuliza binti wa dirishani.

"Chini kabisa, binti yangu. J kumi na moja."

Binti akampa tiketi yake. Watu wengi walichagua mbali na njiwa, kwa sababu ya nguo zao.

Giza nzima hakuna aliyejua kuifaidi tiketi kama Mzee Hanafi, na yeye mwenyewe hakuwa mtu wa kuficha hilo. Nenda onyesho la saa nne, aliwaambia wastaafu wenzake, maana ndilo la bei nafuu, vyoo havijachafuliwa na kiyoyozi kimeshapoza viti. Usiyakose matangazo, umeyalipia. Mbegu za maboga zitie mfuko wa ndani wa kushoto, mlinzi hupapasa wa kulia. Mapumziko ya dakika kumi na tano yakifika usikimbilie foleni ya bisi kama mgeni, dakika hizo ni zako, zina kazi zake. Na sinema yako ikiisha usitoke nje. Pinda kulia, pita choo cha wanaume, ingia ukumbi wa tatu, ufaidi nusu saa ya mwisho ya sinema nyingine. Kwa njia hiyo Mzee Hanafi alikuwa amehudhuria harusi thelathini na mbili bila kujua hata bwana harusi mmoja alimpata vipi mkewe.

Mlangoni mwa ukumbi alimkuta Gabir, mwonyesha viti, mtu wa makamo mwenye tochi na kitambaa. Tochi ilikuwa ya watu, kitambaa cha njiwa.

"Leo umewahi, mzee."

"Mwenye nyumba hachelewi kwake, Gabir."

"Haya, mwenye nyumba. Tazama usikanyage bisi."

Safu ya J ilipita pale pale lilipokuwa zamani Chochoro la Mkuyu. Mzee Hanafi alikuwa ameligawia chochoro lile barua kwa miaka thelathini na mmoja, na hakuhitaji ramani kulijua hilo. Kiti cha kwanza hadi cha nne palikuwa pa fundi baiskeli. Cha tano hadi cha tisa, duka la mkate. Cha kumi na cha kumi na moja, nyumba yake mwenyewe, nyembamba, ya orofa mbili, na banda la njiwa juu ya paa. Cha kumi na mbili hadi cha kumi na nne palikuwa pa Bi Tahani. Naye Bi Tahani alikuwapo, ameketi J kumi na tatu, nyuma ya mlango wake, ameupakata mfuko wa mpira wa maji ya moto.

"Mgongo bado?" aliuliza Mzee Hanafi.

"Mgongo mzima kama wa ngamia," alijibu Bi Tahani kwa sauti ya chini. "Mfuko nimeukata mdomo nikajaza majani ya mzabibu yenye wali ndani. Mlinzi kaugusa, ukawa wa moto, kanipa pole. Unataka mawili?"

"Nipe manne. Jana nilikula maharage ya ful peke yake."

Matangazo yakaenda, taa zikazimwa. Saa nne na dakika ishirini njiwa wakaingia.

Waliingia kama walivyoingia siku zote, kupitia ukuta wa nyuma ya skrini, kumi na mmoja, weupe na wa kijivu. Wakazunguka mara mbili kwenye mwanga wa sinema, kisha wakatua hewani, hatua tatu chini ya dari, wakajipanga mstari mmoja ulionyooka juu ya safu ya J. Mstari ule ulikuwa ndio ubao wa mbele wa banda. Banda lenyewe halikuonekana, wala nyumba iliyolibeba, lakini mabua makavu yalidondoka mara kwa mara yakatua mabegani mwa watu. Mtu akipata bua alilipukuta. Uongozi ulikuwa umebandika tangazo kwamba kinyesi cha njiwa si sababu ya kurudishiwa pesa ya tiketi, na jambo likaishia hapo.

Njiwa mzima hahamishwi. Hilo kila mfugaji wa Giza analijua. Wakazi walipoondolewa Chochoro la Mkuyu, miaka minane nyuma, na kupelekwa kwenye majengo ya jangwani, mabasi mawili na mwendo kwa miguu, Mzee Hanafi aliwachukua ndege wake kwenye matenga. Aliwafungia siku arobaini juu ya paa jipya, akawalisha mtama kwa mkono. Siku alipofungua walizunguka mara moja, kwa adabu, kama watu wanaoaga, wakarudi kwao. Kwao kulikuwa kumeshajengwa ukumbi wa sita. Hilo wao halikuwahusu.

Tangu hapo Mzee Hanafi alikuwa na paa huko jangwani, na bendera ya kuwaitia njiwa, na filimbi, na mbingu isiyokuwa na kitu. Jirani mmoja alimwona akipeperusha bendera asubuhi, akadhani anaita basi.

Ila kinda ni jambo jingine. Kinda akitolewa kiotani kabla hajaruka mara ya kwanza, akajifunza kuruka juu ya paa jingine, hilo ndilo atakalolijua kuwa kwao mpaka afe. Na majuma manne yaliyopita, juu ya J kumi na moja, jike aliyeitwa Hanim alikuwa ameangua kinda mmoja. Mzee Hanafi alihesabu siku kwa vidole na kuzirudia kwa tasbihi. Jumatatu hii kinda alikuwa na siku ishirini na saba. Jumatatu ijayo angekuwa amekwisha kuruka. Kwa hiyo ilikuwa leo au basi. Mzee Hanafi alitaka kiumbe kimoja tu duniani ambacho kingejua kurudi pale jangwani, maana yeye mwenyewe, kwa miaka minane, alikuwa hajajua.

Taa za mapumziko zikawaka. Alifuta mikono mafuta ya majani ya mzabibu, akasimama, akashika kitasa ambacho hakikuwapo, akaanza kupanda ngazi.

Ngazi za nyumba yake zilianzia kati ya kiti cha kumi na cha kumi na moja. Zilikuwa thelathini na moja, na ya tisa ilikuwa imevunjika ukingo tangu enzi za baba yake, hivyo akairuka. Watu waliokuwa wakienda kununua bisi walimwona akipaa taratibu, mkono mmoja ukutani, akapumzika orofa ya kwanza kwa sababu ya goti. Gabir alimmulikia tochi kwa chini. Wakati sinema ikiendelea Mzee Hanafi hakupanda hata siku moja, kwani angezuia mwanga, na huo ni ukosefu wa adabu.

"Polepole, mzee, pale kwenye kona!" alisema Gabir.

"Unanifundisha ngazi zangu?"

Juu alisalimiana na ndege, akamwondoa Hanim kwa kiganja, akamchukua kinda. Alikuwa mnene, amejaa manyoya, bado na nyuzi za manjano kichwani kama mzee asiyechana nywele. Akamtia kwenye ndoo tupu ya bisi aliyopanda nayo, akashuka. Chini Bi Tahani akamnyunyizia kinda bisi kidogo juu ili ndoo ifanane na za wateja wengine.

"Mrembo," alisema Bi Tahani. "Kafanana na wewe kabla ya posta."

"Ombea mlango."

"Mlango unaombewa wa kuingilia, Hanafi. Wa kutokea nani anaulinda?"

Na kweli, jumba lile lilikuwa na walinzi wawili wa kupekua kila kinachoingia, na hakuna wa kupekua kinachotoka. Hapo ndipo Mzee Hanafi alipoweka matumaini yake yote. Ila siku hiyo mlango wa kutokea ulikuwa na mtu: Ustadhi Midhat, meneja, aliyesimama na simu yake. Ndoo ilipompitia, ndoo ilikoroma.

Ustadhi Midhat alitia simu mfukoni. Alitazama ndani, akaondoa bisi mbili kwa vidole, akatazama mdomo, kisha macho, kisha akaukunjua ubawa mmoja kwa ncha ya kidole kama afanyavyo mtu aliyezaliwa chini ya banda.

"Siku ishirini na sita," alisema.

"Na saba."

"Baba na mama wote weupe?"

"Mama mweupe. Baba wa kijivu, shingo ya shaba." Mzee Hanafi akamtazama vizuri. "Wewe mtoto wa Sharnubi, wa paa la kijani, ng'ambo ya reli. Baba yako alikuwa na dume mweupe mwenye soksi miguuni."

"Aliyetua kwako."

"Aliyetua kwangu."

"Baba hakula siku mbili."

"Nilimwambia aje anywe chai. Hakuja."

Sheria ya wafugaji ni moja, na haijaandikwa popote: njiwa aliyetua kwako ni wako. Mwenyewe akija kumdai humrudishii, humwuzii, unampa chai. Kwa sheria hiyo Mzee Hanafi alikuwa amejipatia ndege sitini katika maisha yake na kumimina chai nyingi sana.

"Basi sheria unaijua, mzee," alisema Ustadhi Midhat. "Ndege hawa wametua kwangu. Ukumbi ni wangu, dari yangu, hewa yangu, hata ubaridi wa hewa ninaulipia mimi. Ndege wangu, kinda wangu. Karibu chai."

"Taratibu, mwanangu. Kinda hajaruka. Asiyeruka hajatua. Kinda ni wa mwenye banda alimoanguliwa, hata baba yako angekuambia."

"Sawa kabisa," alisema Ustadhi Midhat. "Banda liko wapi?"

"Juu ya J kumi na moja, juu ya nyumba yangu."

Hapo Ustadhi Midhat alikuna sikio. Hakuwa mtu mbaya. Alikuwa amewaona njiwa wakitua kila Jumatatu na alijua wanatua juu ya nini. Lakini kabatini kwake kulikuwa na ramani ya kiwanja yenye mihuri mitatu, na mahali pa Chochoro la Mkuyu ramani ile ilikuwa imeandikwa: ardhi tupu. Watu wa chochoro wenyewe walikuwa wametia sahihi kwamba ni tupu. Walitia sahihi wamesimama, malori yakinguruma nyuma yao, vyombo vikiwa juu ya malori.

"Njoo ofisini," alisema.

Ofisini akatoa karatasi, akaandika kwa mwandiko mzuri, akaigeuza. Iliruhusu Mzee Hanafi kutoka na kinda mmoja, zawadi ya uongozi wa jumba kwa mteja wake wa kila Jumatatu. Mstari wa chini ulisema mteja anakiri kwamba mahali hapo hapajapata kuwa na banda, wala ngazi, wala nyumba.

"Huu mstari wa chini wa nini?" aliuliza Mzee Hanafi.

"Wa makao makuu. Nikikuandikia kwamba kinda ni wa banda, wataniuliza banda la nani. Nikisema la Hanafi, wataniuliza lilisimama juu ya nini. Unaona linakokwenda? Tia sahihi, mzee, umchukue. Nani atasoma?"

"Hata ile karatasi ya kwanza mlisema hivyo hivyo."

"Mimi sikuwapo ile ya kwanza. Nilikuwa ng'ambo ya reli nawafukuza wezi wa njiwa." Akatabasamu. "Chukua ndege wako. Kesho kutwa yuko juu ya paa lako, unapiga filimbi, anarudi. Si ndicho unachotaka?"

Ndicho alichokitaka. Mzee Hanafi alishika kalamu. Kinda alitoa kichwa kwenye bisi akamtazama kwa jicho moja. Mzee aliona paa la jangwani, bendera, na nukta moja nyeupe ikizunguka mbinguni na kushuka kwake. Aliona vizuri kabisa, kama sinema. Na kwa kuwa alikuwa mtu wa kuifaidi tiketi mpaka mwisho, alitazama nukta ile ikitua, akajiuliza inatua kwa nani. Banda lisipokuwapo, kinda hakuanguliwa. Nyumba isipokuwapo, Hanafi alikaa wapi miaka sitini na mitatu? Hewani?

Akaweka kalamu chini.

"Chai yako nzuri," alisema, ingawa hakuwa amenywa. "Nimewahi kuigawa mwenyewe, naijua ladha yake."

Akabeba ndoo, akarudi ukumbi wa sita. Mapumziko yalikuwa yameisha zamani na sinema ilikuwa imepamba moto, mwizi na askari juu ya daraja. Kwa mara ya kwanza Mzee Hanafi alipanda ngazi zake wakati sinema ikiendelea. Kivuli chake kilimpanda askari usoni, goti baada ya goti, kikasimama orofa ya kwanza.

"Harakisha, mzee, anampiga risasi!" mtu alisema kutoka nyuma.

"Goti, mwanangu."

"Pole. Lakini harakisha."

Alimrudisha kinda kiotani chini ya Hanim, aliyemdonoa kidole kwa kuchelewa. Aliposhuka Bi Tahani alimfungulia mfuko. Alimpa majani mawili yaliyobaki, yaliyokwisha poa, na kinda wa Hanim akabaki pale alipoanguliwa.

Jumatatu iliyofuata, dakika chache baada ya mapumziko, kinda aliruka. Alijitupa kutoka ubaoni kama anayesukumwa, akaanguka mpaka juu ya vichwa vya safu ya F, akazishika mbawa zake, akapanda. Alizunguka ukumbi mara tatu kwenye mwanga wa sinema. Mara ya kwanza ovyo, mara ya pili vizuri, mara ya tatu kwa maringo. Watu waliinamisha vichwa upande kumpisha, mikono ikiendelea kwenye ndoo zao. Kisha akatua mwishoni mwa mstari, wa kumi na mbili, juu ya J kumi na moja.

Mlangoni palisikika mlio wa ulimi, ule ambao wafugaji huutoa ndege anapotua sawasawa na ambao hauwezi kuzuiwa. Alikuwa Ustadhi Midhat. Alisimama hapo gizani kidogo.

"Katua kwako," alisema.

"Kwangu," alisema Mzee Hanafi.

"Mashahidi ni hawa wote." Ustadhi Midhat akafunga mlango taratibu, akarudi ofisini kwenye ramani yake, ambayo hakuandika kitu juu yake.

Makao makuu nayo yalisikia kwamba ukumbi wa sita una mahali ambapo ndege hutua vizuri kuliko pengine. Hayakuuliza hutua juu ya nini. Yaliamuru viti vya chini ya njiwa viuzwe kwa simu, siku kumi mbele, kwa jina la viti maalumu, na vifunikwe kwa kitambaa kinachofutika.

Kwa hiyo Jumatatu ya tatu, saa tatu na nusu, binti wa dirishani alimtazama Mzee Hanafi kwa huruma kabla hajasema neno.

"J kumi na moja imechukuliwa, mzee. Na kumi pia. Watu wa kule kwenye majumba ya kitajiri yenye lango. Nikupe cha kumi na mbili?"

"Nipe cha kumi na mbili."

Gabir alimmulikia njia. Kwenye J kumi na J kumi na moja walikaa bwana mmoja kijana na mkewe, wameinua nyuso tayari, simu mkononi, wakisubiri saa nne na dakika ishirini. Walikuwa watu wenye adabu. Mzee Hanafi aliwaomba, kama hawatajali, mapumziko yakifika wamvutie miguu kidogo, ana shughuli juu. Wakasema hakuna shida.

Kisha akafika J kumi na mbili. Hakukaa. Alilinyoosha koti lake, akakunja kidole, akagonga hewa mara mbili.

"Hodi."

Bi Tahani, kwenye J kumi na tatu, hakugeuza kichwa. Alikuwa akifungua mfuko wa maji ya moto.

"Karibu, jirani," alisema. "Vua viatu, nimetoka kupiga deki."

Mzee Hanafi akavua viatu, akaviweka pembeni ya mlango, akaingia.